Kasisi Aliyekataa Kuapa

Mheshimiwa Meya, waheshimiwa madiwani wa Aldermere, Mheshimiwa Hobday uliyekuwa meya wetu na mama yetu Bibi Lettice Hobday, wazee wa kanisa, ndugu zangu wafuma sufu na wauza jibini, akina mama mlioketi pale nyuma ambako hamkustahili kuketishwa, na zaidi ya wote wewe Mheshimiwa Kasisi Barnaby Orchard, ambaye kesho gari la farasi litakuchukua utuache: nawasalimu nyote, na namwombea Malkia wetu maisha marefu.

Najua wapo wanaojiuliza tangu lini mwanamke akasimama katika karamu ya mji na kuhutubu. Wazee wa kanisa walikuja juzi kuniuliza hivyo hivyo, kwa upole sana. Nikawajibu kwamba ukumbi ni wangu, bata wa kuchoma ni wangu, bia nimeipika mwenyewe, na kama wanataka hotuba ya mwanamume, basi waende wakaisikilize uwanjani, kwenye mvua. Nawashukuru kwa kubaki.

Mlionizoea mnajua kwamba mimi, Dorcas Whitlow, mjane wa Gilbert, ni mama wa hoteli hii ya Jogoo Mweupe, na kwamba nikipata nafasi kati ya mapipa, huandika mashairi ya kuwacheka watu. Vijana mnajua mashairi, lakini hamjui jinsi yalivyokaribia kunitupa mtoni. Na bila kulijua hilo, mtamjuaje mtu tunayemuaga usiku huu?

Ilikuwa masika, baada ya ule uchaguzi ambao Bwana Hobday alipata umeya kwa mara ya kwanza. Niliandika shairi la sehemu tatu. Ya kwanza ilihusu dini, na kwa kuwa mji huu una kasisi mmoja tu, hakukuwa na haja ya kutaja jina. Alikuwa amehubiri juu ya mfungo wa Kwaresima mpaka watoto wakalala na wazee wakaamka, nami nilikuwa nimeketi mbele, karibu ya kutosha kuona alichokula asubuhi. Nikaandika:

*Atuambia, "Fungeni, tumbo tupu ni ibada";*
*mafuta ya kidevuni yasimulia ziada.*

Ya pili ilihusu siasa:

*Meya kapanda kitini, kwa mapipa kumimina;*
*kura zetu zi tumboni, kesho tutakunywa tena.*

Bwana Hobday, naona unacheka. Siku ile hukucheka.

Ya tatu ilihusu waume. Nilianza na marehemu wangu Gilbert, Mungu amrehemu, nikamcheka na kukiri kwamba nilimpenda, maana si haki kuwasema waume wa wenzako ukamwacha wako. Kisha nikaendelea mtaa kwa mtaa.

Shairi lilisomwa hapa siku ya soko. Kufika Jumapili, wachunga kondoo wa vilimani walikuwa wanalijua kwa moyo, na Jumatatu askari wa mji akaja kunichukua. Nilishtakiwa kwa kuwa mwanamke mwenye ulimi mchafu, anayevunja amani ya jirani zake. Adhabu yake mnaijua: kile kiti kilichofungwa kwenye mti mrefu pale darajani, walichokuwa wakimfungia mwanamke na kumzamisha mtoni mbele ya watu, mpaka ulimi upoe. Mama mmoja wa mtaa wa wachinjaji alizamishwa humo nikiwa msichana. Alitolewa hai, lakini hakuwahi tena kupata pumzi kamili, na hakuwahi tena kusema jambo la kuchekesha. Nilikuwa nikimfikiria yeye nilipokuwa nikipanda ngazi za baraza. Msione nasimama hapa natabasamu, mkadhani siku ile sikuogopa.

Waliokaa kuhukumu walikuwa watatu, na wa katikati alikuwa Bwana Hobday, mlalamikaji mwenyewe. Mtaniuliza, inawezekanaje? Ndugu zangu, katika Aldermere ya siku zile kiti cha meya kilikuwa kipana.

Shahidi alikuwa mmoja: Kasisi Orchard. Alitakiwa asimame, asome shairi lote ili baraza lisikie ubaya wake, kisha ashike Biblia na kuapa kwamba yaliyosemwa juu yake ni uongo. Kazi ya dakika chache. Na jambo ambalo wengi hamkulijua ni kwamba wakati ule kulikuwa na nafasi katika kanisa kuu la askofu, nyumba nzuri yenye bustani, na aliyekuwa akimpigia debe kasisi wetu kwa askofu alikuwa Bwana Hobday. Kasisi alilijua hilo. Mimi pia nililijua, kwa hiyo sikuwa na tumaini lolote.

Akasoma. Mnaijua sauti yake. Alisoma sehemu ya kwanza kama anavyosoma zaburi, taratibu, bila kuruka neno. Watu wakainamisha vichwa kuficha vicheko. Akasoma ya pili. Wafuma sufu hawakuficha chochote. Alipofika ya tatu, Bwana Hobday akagonga meza.

"Inatosha, Kasisi. Tumesikia."

Ndipo Bibi Lettice, aliyekuwa ameketi na akina mama kule juu, akasema kwa sauti ya kawaida kabisa, kama anayeagiza chumvi mezani: "Haijatosha, mume wangu. Sisi wengine tumeacha nguo kwenye maji kuja kusikia. Endelea, baba Kasisi."

Akaendelea:

*Barazani ni jabali, sauti yatisha mji;*
*kwa mkewe hana hali, alegea kama uji.*

Ukumbi ulicheka mpaka askari wa mlangoni akaegemea ukuta. Mimi sikucheka. Nilikuwa namtazama kasisi akikunja karatasi, na Biblia ikisogezwa mbele yake.

"Weka mkono," akasema Bwana Hobday, "uape kwamba mwanamke huyu amekusingizia."

Kasisi akautazama mkono wake, kisha akaitazama Biblia.

"Siwezi," akasema.

"Huwezi vipi? Amesema ulikula nyama mfungoni."

"Nilikula bata, Bwana Meya. Alikuwa amenona."

"Kasisi, fikiri vizuri. Fikiri unachokitupa."

"Nimefikiri tangu Jumatatu, na usingizi umenikosa. Nikishika kitabu hiki na kuapa uongo ili mwanamke azamishwe mtoni, Jumapili nitakifungua kwa mkono gani?" Akaisogeza Biblia kwa meya, akaongeza: "Ila wewe pia umetajwa, Bwana Meya. Kama unaona umesingiziwa kuhusu yale mapipa, Biblia hii hapa. Apa wewe."

Bwana Hobday akainuka. Akanyoosha mkono, na haki yake nimpe: haukuwa mkono wa mwoga. Kisha akainua macho akamwona mkewe. Bibi Lettice hakukunja uso. Alikuwa akimtazama tu, kama mtu anayesubiri kujua atakayerudi naye nyumbani jioni ni nani.

Bwana Hobday akaurudisha mkono mfukoni. "Shauri limefutwa," akasema. "Mama Whitlow, nenda nyumbani."

Nafasi ya kanisa kuu alipewa mtu mwingine, na ile bustani pia. Ndugu wageni, mwenzetu huyu angeweza kuzeeka katika nyumba yenye bustani. Amezeekea kwetu, katika nyumba ambayo madiwani wameahidi kuiezeka upya tangu nikiwa na meno yote. Naona madiwani wanatazama sahani zao.

Kesho yake baada ya shauri, Kasisi alikuja hapa Jogoo Mweupe. Nilikuwa nimeandaa maneno ya shukrani na machozi tayari. Akaketi, akatoa shairi langu, akaliweka mezani.

"Bi Dorcas," akasema, "huo mstari kuhusu marehemu mumeo unachechemea. Jana niliusoma mbele ya watu nikaona aibu."

"Aibu ya nini? Ya kusema nilimpenda?"

"Ya mizani. Mapenzi hayana neno, yaache. Ongeza silabi moja."

Hivyo ndivyo urafiki wetu ulivyoanza, na ndivyo ulivyoendelea. Mimi nilimpelekea mashairi, naye akayanyoosha, hata yaliyomsema yeye. Hayo ndiyo aliyoyanyoosha kwa bidii zaidi. Naye aliniomba niketi mbele kanisani, nikohoe mahubiri yakizidi. Mnaosema kifua changu ni kibovu, sasa mmejua. Na kile kiti cha darajani, Bwana Hobday mwenyewe, katika umeya wake wa pili, aliamuru kipasuliwe kuni. Alizileta kuni zile hapa kwa mkokoteni, akaniambia, "Pikia bia, mama, na usiandike chochote." Niliandika, lakini vizuri.

Sasa macho ya kasisi wetu yamechoka, na binti yake Cecily anamwita akakae naye kule pwani ya Norfolk. Siku alipotangaza safari alinionya mlangoni: "Dorcas, usinisifu. Watadhani nimekufa." Basi nikakaa majuma mengi nikitafuta jambo jipya la kumcheka usiku huu. Nilitazama kanisani, nilitazama jikoni kwake, nilimuuliza hata mfuaji wake. Kasoro zipo, tena nyingi. Lakini kila nilipoandika mstari mmoja, nilitaka kuvuka uwanja nimpelekee aurekebishe, nikakumbuka kwamba karibuni taa ya dirisha lake haitawaka, nikaweka kalamu chini. Mheshimiwa Kasisi, umeniharibia kazi.

Shairi halikumalizika, ndugu zangu. Nitamfuata nalo Norfolk likiwa tayari, na kama mstari utachechemea, ataniambia. Nawashukuruni kwa subira yenu na kwa masikio yenu. Sasa inukeni na vikombe vyenu, bata wanapoa.