Mwalimu Silvanus Kapinga na Mpaka Aliokataa Kuuvuka

8 Machi 1951 – 15 Septemba 2019

Wasifu huu umeandikwa na kusomwa na mdogo wake, Dorotea Kapinga, kwenye maziko, Toronto, Jumamosi tarehe 21 Septemba 2019.

Baba Paroko, wifi yangu Sara, mwanetu Gift, wakwe zetu mliotoka Buffalo, ndugu Watanzania na majirani wa Crescent Town: kamati ya mazishi ilinipa ukurasa mmoja na ikaniomba niseme mazuri tu. Mazuri nitayasema, na ni mengi. Lakini wiki hii nzima, nikiwa jikoni nachambua mchele wa msiba, nimesikia watu wakinong'ona sebuleni kwamba Mwalimu Silvanus kafa akiwa amevunja kiapo chake. Nimewasikia, jamani. Kuta za zile fleti ni nyembamba. Kaka yangu aliishi kwa neno lake, na sitakubali afukiwe watu wakimwona kigeugeu. Kwa hiyo ukurasa mmoja haukutosha, na kamati itanisamehe.

Marehemu alizaliwa tarehe 8 Machi 1951 katika kijiji cha Litembo, Mbinga, akiwa mtoto wa tatu wa wazazi wetu waliolima kahawa, na mahindi kwenye ngoro, yale mashimo ya kulimia ya mlimani kwetu. Tangu utoto alikuwa mbishi. Akiwa na miaka saba jirani mmoja alimsingizia kuiba ndizi. Silvanus akaapa hatapita tena kwenye uwanja wa jirani huyo, na mwaka mzima akawa anazunguka kwa chini, kwenye matope, kwenda shule. Mama alikuwa akimfulia kaptula huku anamsema. Jirani alikuja kuomba radhi mwenyewe, tena na mkungu wa ndizi.

Alisoma shule ya msingi hapo hapo Litembo, sekondari Songea, kisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kuanzia 1974 hadi 1977, alikochukua shahada ya ualimu na historia. Alitusimulia kwamba siku moja maktabani alisoma jinsi wafanyabiashara wa Kimarekani walivyofika Unguja miaka ya 1830 na kuuza kitambaa chao hadi bara. Akashtuka. Merikani! Kile kitambaa ambacho bibi yetu alijifunga shambani! Alikuwa amekitaja tangu anajifunza kusema na hakuwahi kujiuliza kimetoka wapi. Kuanzia siku hiyo alitaka kujua Wamarekani walifika wapi kwingine, na walipofika walifanya nini.

Alifundisha historia Iringa kuanzia 1977 hadi 1996. Ni huko alikompata Sara. Walifunga ndoa tarehe 27 Agosti 1983. Siku ya kujitambulisha ukweni alikuta ramani ya dunia ukutani, akaanza kumweleza baba mkwe habari za Mfereji wa Panama. Mshenga wetu akawa anamkanyaga mguu chini ya meza, wapi! Baba mkwe alisema baadaye kwamba alimpa binti yake ili mtu huyo anyamaze. Mungu aliwajalia mtoto mmoja, Gift, mwaka 1986.

Familia ilihamia Toronto mwaka 1996. Miaka mitatu ya kwanza kaka alipanga maboksi kwenye ghala huko Downsview, na hakuona aibu, ila mgongo ulimuuma hadi siku ya mwisho. Mwaka 1999 alipata kazi ya kufundisha shule ya jioni ya watu wazima, akaishika mpaka alipostaafu. Na mwaka 2001 alianzisha lile darasa lake la Jumamosi, kwenye ukumbi wa chini wa majengo yetu, kwa ajili ya watoto wenu nyie mnaonisikiliza.

Darasa lile wengi mnalikumbuka. Alikuwa anaingia na kipande cha merikani begani. Anakitandika mezani, anasema, "Hiki kilitangulia. Duka kwanza, halafu meli, halafu bendera." Kisha anaanza safari yake: visiwa vilivyochukuliwa kwa ajili ya samadi ya ndege, samahani Baba Paroko, lakini ndivyo ilivyokuwa, malkia wa Hawaii aliyepokonywa kiti chake mwaka 1893, halafu ule mwaka 1898, ambao watoto walikuwa wanaujua kuliko tarehe za kuzaliwa za mama zao, mwaka Wamarekani walipozitwaa Ufilipino, Guam na Puerto Riko. Watoto walimwuliza kwa Kiingereza, yeye akajibu kwa Kiswahili, na walielewana vizuri kabisa. Hakuwafundisha kumchukia mtu. Aliwataka wajue kwamba nchi kubwa huwa haisemi imekuja kutawala. Inasema imekuja kusaidia.

Sasa kiapo. Jumapili tarehe 23 Machi 2003, siku ya tatu tangu majeshi ya Marekani yaingie Iraki, tulikuwa ukumbini baada ya Misa ya Kiswahili, tunakunywa chai. Ndugu Gelasius, ambaye leo ndiye mwenyekiti wa kamati ya mazishi, alitangaza safari ya basi kwenda Buffalo, mji wa Marekani ng'ambo tu ya mpaka, kununua nguo na matairi, kama tulivyokuwa tunafanya wote. Kaka akasimama na kikombe mkononi.

"Mimi nitoeni," akasema. "Mguu wangu hautakanyaga Marekani mpaka watoke kote walikoingia bila kualikwa."

"Kote?" Gelasius akacheka. "Mwalimu, hiyo kote itakutesa."

Tulidhani ni hasira za siku moja. Kumbe! Mwaka ukapita, ikapita mitano. Desemba 2011 wanajeshi walipoondoka Iraki, Gelasius alimpigia simu palepale. "Wametoka, Mwalimu. Funga begi." Kaka akamjibu, "Na Guantanamo je? Na Guam?" Gelasius akapiga kelele kwamba Guam wako tangu 1898. "Basi," kaka akasema, "nami nasubiri."

Tulicheka. Lakini wakati huo Gift alikuwa Buffalo tayari, alikokwenda kusomea uuguzi, na alikuwa amechumbiwa. Mchumba wake Rafael, ambaye leo ni mkwe wetu, ni dereva wa gari la wagonjwa, kijana mtaratibu, na wazazi wake ni watu wa Puerto Riko, kisiwa ambacho Marekani inakitawala hadi leo. Harusi ilipangwa Buffalo, Jumamosi tarehe 16 Juni 2012. Tukamsihi kaka. Sara alilia. Mimi nilimtukana, nakiri, maneno ambayo Baba Paroko asingependa kuyasikia. Akasema amekula kiapo mbele ya kanisa zima na watoto wa darasa lake wanamtazama.

Basi mnajua tulichofanya? Pale maporomoko ya Niagara kuna daraja la Rainbow, na katikati yake kuna kibao kinachoonyesha mpaka ulipo. Asubuhi ya harusi Gift alitembea kwa miguu kutoka upande wa kule, kavaa gauni lake, upepo unataka kumng'oa shela. Kaka akatembea kutoka upande wa huku. Wakakutana kwenye kibao. Akanyoosha mikono, akamwekea mwanawe kichwani, akambariki, viatu vyake vikiwa Kanada. Watalii wakapiga makofi na picha, wakaona ni jambo la kupendeza. Mimi sikuliona la kupendeza. Gift aligeuka akaenda kanisani bila baba, nasi tukamfuata, na kaka akarudi Toronto peke yake kwa basi. Nilimnunia hadi Krismasi.

Mwaka 2014 alizaliwa mjukuu, Noelia. Huyo aliletwa Toronto akaonwa. Wazazi wa Rafael, Mzee Eusebio na Mama Iluminada, walikuwa wanaishi kwao Puerto Riko na hawakuwa watu wa safari, kwa hiyo kaka na wakwe zake hawakuwahi kuonana. Miaka mitano tangu harusi! Kila Jumamosi alikuwa anafundisha habari za nchi yao.

Tarehe 20 Septemba 2017 kile kimbunga kikubwa kiliipiga Puerto Riko. Umeme ukakatika kisiwa kizima. Mzee Eusebio alikuwa anapumua kwa msaada wa mashine, na mashine inataka umeme. Alikufa mwezi Oktoba, akisubiri. Rafael alikwenda akamzika baba yake, akamchukua mama yake, akamleta Buffalo, na Misa ya kumwombea marehemu ikapangwa huko tarehe 18 Novemba.

Siku mbili kabla ya Misa hiyo Gift alipiga simu. Nilikuwepo, nasikia yote. "Baba," akasema, "leo Mama Iluminada kaniuliza kama baba yangu yuko hai. Nikamwambia yuko hai, anakaa mwendo wa saa mbili tu kutoka hapa. Baba, nimeona aibu."

Kaka aliweka simu chini. Akaniambia, "Dorotea, mkwe wangu amefiwa na mimi niko hapa natazama televisheni. Sisi ni watu gani?" Nilikuwa nalia. Akampigia rafiki yake Navroz wa Mississauga, mtu wa Iringa aliyefahamiana naye tangu enzi zile. "Navroz, gari lako lina mafuta?"

Tulikwenda wanne, na buti imejaa mchele, sukari na rambirambi, maana mikono mitupu msibani haiendi. Njia nzima kaka alikuwa anajifanyia mazoezi ya hotuba atakayompa ofisa wa mpakani. Tulipofika, ofisa, kijana tu, akauliza tunakwenda kufanya nini.

"Msibani," kaka akasema. "Mkwe wangu amefiwa."

"Poleni sana," kijana akasema. "Piteni."

Navroz alicheka mpaka akashindwa kushika usukani. "Mwalimu, hotuba ya miaka kumi na nne unairudisha mfukoni!" Hata Sara alicheka.

Nyumbani kwa Rafael tulikuta watu wengi, na tukaandaliwa wali na mbaazi. Wali na mbaazi, jamani, kule kote! Kaka alivua viatu mlangoni, na alipoitwa akaenda moja kwa moja kwa Mama Iluminada. Nilidhani atamwambia habari za 1898. Hakusema hata tarehe moja. Alimwambia, na Rafael akatafsiri, "Mama, nilikuwa na ugomvi na serikali, nikawanunia ninyi. Nisamehe." Mama akamwambia akae ale kwanza. Kisha akamsimulia mumewe, mchana kutwa: jinsi alivyokuwa mchekeshaji, jinsi alivyoomba barafu apoze dawa, jinsi mashine ilivyonyamaza. Kaka yangu, ambaye katika kufundisha hakuna aliyemnyamazisha, alisikiliza tu. Machozi yakamtoka, akayaacha.

Asije mtu akasema baada ya hapo alibadilika, akawapenda wakubwa wa Marekani. Alizidi kuwasema! Ila somo la Puerto Riko hakulifundisha tena. Mei 2018 aliwapakia wanafunzi wake kwenye basi hadi Buffalo, akakaa nao chini kwenye zulia, akamwachia Mama Iluminada afundishe. Mama akawaambia kaka yake alipigana Vietnam kwa ajili ya Marekani, nchi ambayo, akiwa kwao kisiwani, hawezi kuipigia kura ya rais. Tangu hapo kaka alivuka mpaka kila mwezi, na kila mwezi alisema, "Ile miaka niliyopoteza, Dorotea, naijutia."

Machi mwaka huu aligundulika kuwa na saratani ya kongosho. Aliuguzwa na mkewe Sara kwa uvumilivu mkubwa, na Gift alikuja kila mapumziko ya kazi. Hakulalamika, isipokuwa juu ya uji wa hospitali. Alifariki Jumapili asubuhi, tarehe 15 Septemba 2019, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wa binti yake.

Na sasa jibu kwa wanaonong'ona. Juzi Alhamisi Gelasius, ambaye nampenda lakini mdomo wake unajulikana, alimwuliza Mama Iluminada mbele yetu sote sebuleni: je, kule kuvuka hakukumvunjia Mwalimu kiapo? Rafael hakutaka kutafsiri. Mama akamlazimisha. Aliposikia akaweka sahani chini.

"Waliokuja kwetu hawakubisha hodi," akasema. "Huyu alibisha, akavua viatu, akangoja mlangoni mpaka nilipomwita. Hakwenda kwa Wamarekani. Alikuja kwangu."

Gelasius aliinama, akamwomba radhi. Basi, limekwisha.

Marehemu ameacha mjane, Sara, binti, Gift, na mkwe, Rafael, mjukuu, Noelia, mdogo wake, yaani mimi, rafiki ambaye ni ndugu, Navroz, wanafunzi ambao hakuwahi kuwahesabu, na Mama Iluminada, mkwe mwenzake, mwenye miaka sabini na tisa, ambaye alikuwa hajawahi kufika Kanada hadi Jumatano hii. Ofisa wa huku alimwuliza anakuja kufanya nini. Akasema, "Msibani."

Sara na Gift wakishatia udongo, sisi wengine tungoje. Mpisheni Mama apite, na mtu amshike mkono, maana zulia hili la kijani walilotandika kando ya kaburi linateleza. Kaka yetu Silvanus alale kwa amani.