Gichuru Mungai, Mlinzi wa Mihugu ya Ngong Road

Ndugu, jamaa na majirani, mimi ni Kuria, kifungua mimba wa marehemu, na familia imenituma niwasomee maisha ya baba yetu, Gichuru Mungai, aliyezaliwa hapa Mutuini tarehe 14 Aprili 1958, mtoto wa nne wa marehemu Mzee Mungai na marehemu Mama Wanjira.

Alisoma hapa hapa hadi darasa la saba mwaka wa 1973, na Machi 1979 akaandikwa kibarua kwenye kitalu cha miche katika msitu wa Ngong Road, baadaye akawa mlinzi wa msitu hadi alipostaafu mwaka wa 2018, ingawa hata baada ya hapo hatukuweza kumzuia nyumbani, aliendelea kwenda msituni.

Tarehe 6 Desemba 1986 alifunga ndoa na mama yetu, Njambi, wakajaliwa watoto watatu, mimi, Ciru na Anita.

Kuanzia mwishoni mwa 2020 mvua zilikosekana msimu baada ya msimu, kijito cha msituni kikakauka, miti mikongwe ya mihugu ikaanza kufa kuanzia vileleni, naye akawa anabeba maji kwa mitungi kumwagilia miche mia nne aliyoiotesha mwenyewe, nami nikamwambia, "Baba, wachana na huo msitu, si shamba lako," akanijibu, "Mimi niliuona ukiwa mzima, Kuria, nitauachaje?" na sikuwahi kwenda kumsaidia hata siku moja.

Tarehe 19 Februari 2022 nyasi kavu zilishika moto, akaupiga kwa matawi pamoja na majirani mpaka jioni, msitu ukaokoka, miche yote ikaungua, na moshi ule ukamwachia kifua ambacho hakikupona tena. Aprili 2024 mvua ilipokuja kwa fujo na kuangusha miti iliyokwisha kuoza mizizi, alisimama mlangoni akamwambia mama, "Mvua hii siijui," akalia, nasi tulikuwa hatujawahi kumwona akilia.

Alitibiwa hospitalini Hurlingham kwa muda mrefu, akalazwa tarehe 2 Novemba 2025, na tarehe 8, saa nne asubuhi, alimuuliza Ciru kama mihugu iliyobaki imechipua, naye Ciru, aliyekuwa amepita msituni na kuona matawi makavu, akamwambia ndiyo, baba akatabasamu, na baada ya muda mfupi akakata roho.

Ametuacha sisi watoto, pamoja na mama na wajukuu watano. Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, majirani wa Mutuini, marafiki wa mtaa wa Jamhuri, na walinzi wenzake waliochimba kaburi hili asubuhi ya leo wakiwa na sare zao za kazi.

Baba, ulichoka sana. Pumzika.