Supu ya Tambi kwenye Chupa ya Chai

Ndani ya basi, kiti cha mbele yangu, fundi bomba alikuwa amepakata chupa ya chai kama mtoto mchanga. Mama mmoja wa makamo, jirani yake wa kiti, akamuuliza kuna nini humo.

"Supu ya tambi, mama, ile ya Kichina. Nampelekea mke wangu hospitali. Tangu wampasue, kila anachokula anatapika. Leo kaomba hii."

"Nani kaipika?"

"Mimi mwenyewe. Mchuzi wa kuku, tangawizi, sosi ya soya kidogo, na yai la kukoroga. Robo saa tu, imeiva."

"Robo saa!" Basi zima lilisikia. "Hiyo si supu, mwanangu, ni maji ya kusuuzia sufuria. Na hizo tambi zitafika zimevimba kama miguu yangu."

"Tambi nimezitenga kwenye bakuli."

Mama akasonya. Ushahidi haukumtisha. "Hebu nionje."

Fundi, kwa adabu, akammiminia kwenye kifuniko. Mama akanywa yote, akafumba macho.

"Haina chumvi," akasema, akinyoosha kifuniko aongezewe.

"Mama, hii ni ya mgonjwa!"

"Ndiyo maana nahakikisha."

Basi likasimama mbele ya hospitali. Fundi akainuka na chupa yake. Kifuniko, mama alikuwa bado amekishikilia.