Naftali na Ukuta wa Kuondolewa

Marehemu Naftali Wafula Barasa alizaliwa Kimilili tarehe 9 Machi 1976, kitinda mimba wa Mzee Barasa na Mama Serah. Akiwa na miaka minane, jiko la nyumbani lilishika moto na mlango ukakwama. Baba alivunja ukuta wa udongo, akamtoa yeye na dada yake Rispah. Tangu hapo Naftali aliogopa moto kuliko nyoka, wala hakuona haya kusema.

Alisomea useremala Kisumu, na mwaka 1999 akapata ufadhili wa kwenda Kyoto, Japani. Huko randa ya kulainishia mbao huvutwa, haisukumwi kama kwetu. Alimwandikia Rispah barua nzima akijicheka alivyoisukuma. Alianza kwa kubeba mbao katika studio ya filamu, akapanda hadi kuwa mbunifu wa mandhari wa filamu saba za Kijapani: nyumba na mitaa iliyoonekana kwenye filamu hizo ilitoka kichwani mwake. Kila chumba alikiachia ukuta mmoja wa kuondolewa, kamera ipite. Rispah alijua haikuwa kamera tu.

Alifunga ndoa na Maryann tarehe 18 Desemba 2004.

Mwaka 2018 alitumwa Riyadh, kisha Jeddah, kujenga mtaa wa kale wa Kijapani kwa ajili ya filamu, mbao na karatasi tupu, ndani ya ghala karibu na mtaa wa Karantina. Rispah alikuwa mfanyakazi wa nyumbani mtaa wa Aziziya, Jeddah hiyohiyo, na madam alimruhusu simu Ijumaa pekee. Kila Ijumaa Naftali alimpigia. Msimamizi wa ujenzi, Charles, hakupenda ule ukuta wa kuondolewa kwa kuwa ulitikisika.

"Sister, wameupigilia misumari tena. Nimeing'oa."

"Si uache hiyo kazi? Halas, yatosha, rudi nyumbani!"

"Na mafundi walio ndani, nimwachie nani?"

Ijumaa, tarehe 2 Novemba, simu haikulia. Rispah alipiga pasi nguo zilezile mara mbili kwa hofu. Moto ulikuwa umezuka jana yake mchana, na ukuta ulikuwa umepigiliwa misumari tena. Naftali aliyeogopa moto alibaki ndani aking'oa misumari. Mafundi kumi na mmoja walipita hapo, yeye akatoka wa mwisho, kifua kimejaa moshi.

Alilazwa hospitalini Jeddah. Tarehe 19 Novemba madam alimpa Rispah saa moja ya kwenda kumwona.

"Walitoka wote?" Naftali aliuliza.

"Wote, ndugu yangu."

Alifariki jioni hiyo.

Ameacha mjane Maryann, watoto Titus na Selipher, na dada yake Rispah. Fundi Wesley, mmoja wa wale kumi na mmoja, ndiye aliyetengeneza jeneza hili. Rispah alimwomba asitie msumari hata mmoja, naye hakutia.

Bwana akulaze pasipo moto, Naftali.