Maisha ya Mzee Futa, Mhariri Aliyeandika Taarifa ya Daraja

Ndugu, jamaa na majirani mliokuja kukaa nasi leo, marehemu baba yetu, ambaye wengi wenu mlimjua kwa jina la Mzee Futa, alizaliwa tarehe 14 Machi 1951, akiwa mtoto wa nne kati ya sita wa fundi cherehani na mkunga, katika nyumba ya vyumba viwili nyuma ya karakana ya baiskeli. Alianza shule ya msingi mwaka 1959, akamaliza sekondari mwaka 1969, na akaishia hapo kwa kuwa macho ya babu yalikuwa yameingia ukungu na cherehani ilikuwa imesimama.

Tarehe 2 Februari 1970 aliajiriwa gazetini kusahihisha maandishi kabla ya kuchapwa, katika chumba kilichokuwa juu ya mtambo, ambako mtambo ukiwashwa vikombe vya chai vilitembea vyenyewe mezani, akapanda cheo kwa cheo hadi akawa mhariri mkuu tarehe 1 Julai 1987. Jina la Futa alilipatia hapo, maana mwandishi aliyeleta "masikitiko makubwa" alirudishiwa karatasi yake na kuambiwa, "Futa makubwa, mwanangu, masikitiko hayana saizi." Mwaka 1994 alipokataa kuiondoa habari ya maji ya bomba yaliyoua watoto, aliwekwa mahabusu siku kumi na saba, akatoka amekonda lakini kichwa juu.

Tarehe 9 Agosti 1980 alifunga ndoa na mama yetu, muuguzi wa wodi ya wazazi, wakajaliwa watoto watatu, ambao kati yao wa pili alitutoka mwaka 1989 kwa homa ya uti wa mgongo, na baba ameacha wajukuu watano.

Tarehe 5 Januari 2009 aliteuliwa kuwa mshauri wa serikali wa masuala ya habari, akapewa ofisi yenye zulia nene na dirisha lisilofunguka, naye alikwenda akiamini kwamba atausema ukweli karibu zaidi na masikio yanayopaswa kuusikia. Hapa baadhi ya wanafamilia walitaka tupite haraka, lakini binti yake mkubwa, ndiye huyu anayewasomea, alipewa agizo na baba mwenyewe, kwa hiyo mtasikia kama ilivyokuwa.

Asubuhi ya tarehe 20 Mei 2013, watu wakielekea kazini, daraja jipya lilianguka, baba akaletewa orodha ya waliokufa, watu ishirini na sita, akaambiwa aandike wanne katika taarifa ya serikali. Aliandika wanne. Gazeti lake la zamani, likiongozwa na mwanamke ambaye yeye mwenyewe alimfundisha kazi, lilichapa ishirini na sita, na kwa nguvu ya taarifa ya baba likafungiwa miezi sita, mhariri yule akakaa gerezani siku arobaini, na mimba yake ya miezi mitano ikaharibikia humo. Baba hakujiuzulu. Alibaki kwenye kiti chake hadi alipostaafu tarehe 30 Juni 2015, na kwa miaka hiyo yote binti yake hakumsemesha, hata chumvi mezani ikawa inaombwa kupitia kwa mama.

Wiki aliyostaafu alikwenda kwa yule mhariri, akasimama mlangoni, akasema, "Mwanangu, nilijua idadi." Mwanamke yule akamjibu, "Shikamoo, mwalimu. Nilijua kuwa unajua, ndiyo maana iliniuma," akamkaribisha chai, wala hakumwambia kwamba amemsamehe. Kuanzia siku hiyo baba, ambaye hakuwa amebaki na nakala ya orodha, alizunguka mtaa kwa mtaa akitafuta majina ya wale ishirini na sita, pengine akikaribishwa, pengine akifungiwa mlango usoni, akapata ishirini na matatu.

Tarehe 11 Novemba 2021 aligundulika kuwa na saratani ya koo, akafanyiwa upasuaji uliomwondolea sauti, akawa anaongea kwa kuandika daftarini. Humo ndimo alimwandikia binti yake, "Ukisoma habari zangu usiruke daraja." Binti akamuuliza, "Baba, watu watasemaje?" naye akaandika, "Watasema kweli." Binti akamshika mkono, jambo ambalo hakuwa amelifanya kwa miaka minane. Alifariki tarehe 3 Oktoba 2022, saa nne asubuhi, mama akiwa kando yake.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliompunguzia maumivu, majirani waliopokezana zamu za kumwangalia, wafanyakazi wenzake wa gazetini na wa serikalini, familia zote zilizomfungulia mlango na zile ambazo hazikuweza, na mhariri yule, aliyekaa safu ya tatu, ambaye hakulazimika kuja.

Baba, pumzika kwa amani, daftari tunalo sisi, na hayo majina matatu yaliyobaki tutayatafuta.