Jina la Mulangoni

Bwana Mukubwa wa Teritware, mutawala wa wilaya yetu, uliyetufungulia leo maduka haya ya soko la Kasongo. Bwana Juji, hakimu wa tribinali. Sultani wetu na wazee wa mitaa. Mama zangu na baba zangu muliosimama juani: nawasalimu wote.

Nimeambiwa niseme kwa niaba ya wote waliopata vyumba vya maduka. Nilidhani watatafuta mutu aliyesoma.

Munajua namna nilivyokipata chumba cha tano. Tangazo lilisema: anayetaka duka aandike barua, aifunge, aitie ndani ya sanduku. Nikaandika. Mwishoni nikatia jina: Mama Lukumani. Ningetia lipi lingine? Ndilo mulilokuwa munaniita tangu nilipomuzaa mutoto wangu Lukumani. Siku ya kusoma majina, barua yangu ikawekwa kando, kwa sababu buku yangu ya teritware, ile ya utambulisho, inasema Waridi binti Abedi. Karani Théophile akaniambia, "Mama, kumbe uko watu wawili? Basi mumoja auze, mwengine anunue, hamutakosa mushtiri." Watu wakacheka. Mimi pia nikacheka, halafu nikaenda nyumbani nikalia. Chumba kikapewa Apolline, muuza mikeka.

Nikapeleka mashitaka. Bwana Juji akauliza: nani ataapa kwamba hawa wawili ni mutu mumoja? Majirani wakatazama chini. Nani alitaka kusema mbele ya Wazungu kwamba wakubwa wamekosea? Siwalaumu. Aliyesimama ni Apolline, Apolline yule yule mwenye ufunguo. Akasema: "Huyu ninamuita Mama Lukumani tangu Lukumani ananyonya. Iko mutu mumoja tu, na hana mwengine." Akaweka ufunguo juu ya meza, akatoka.

Dada yangu Apolline, ninakuona kule nyuma na mikeka yako. Baraza ya duka langu ni pana. Njoo utandike pale, tukae wawili.

Bwana Juji, kuko neno moja, na ninalisema bila ubishi. Ulihukumu mulangoni kuandikwe Waridi, kama buku inavyosema, na nimeshukuru. Lakini tangu siku ile watu wote wananiita Waridi. Kisimani, Waridi. Kwenye matanga, Waridi. Wanafikiri tribinali imekataza lile lingine. Lukumani wangu alifunikwa na udongo ndani ya shimo la dhahabu kule Salamabila, huu mwaka wa pili. Hakuacha muke, hakuacha mutoto. Aliniachia jina lile tu, nalo siwezi kujiita mwenyewe. Nimejaribu, peke yangu ndani ya nyumba. Haliitikiki.

Kwa hiyo, ndugu zangu, mulangoni musome jina la buku. Lakini mukija kununua chumvi, mupige hodi kwa lile lingine. Nitaitika hata nikiwa nyuma ya magunia.

Asanteni kwa kuniazima masikio yenu.