Kidoti Kahama Tena

Kijiwe cha Magomeni ya huku kusini kilikuwa ubao mmoja mrefu uliotoka kwenye kreti la mashine bandarini, umelazwa juu ya matofali ubavuni mwa nyumba ya Thabiti muuza kahawa. Mwaka ule, ambao ng'ambo ya Ruvuma walipandisha bendera yao wenyewe, sukari ilionekana duka la ushirika kwa msimu kama mvua. Kwa hiyo kahawa ya Thabiti ilinywewa chungu, na utamu ukatiwa kwenye maneno. Kila alasiri walikaa watatu: Issa fundi cherehani, aliyeitwa Redio Mbao kwa kuwa hakuna habari iliyowahi kulala kwake, Erasto, karani wa serikali aliyetoka Upareni, wakamwita Jalada, na Chande, kuli wa bandarini, wakamwita Winchi kwa ajili ya mabega yake. Winchi alikuwa akibeba gunia la korosho kama mtu abebavyo mto wa kulalia. Lakini siku zile alikuwa na kitu kifuani, na hicho kilimshinda kukiinua.

Mkewe, Somoe, alikwenda kwao Mahurunga mwezi wa saba kujifungulia kwa mama yake, kama ilivyo desturi ya mimba ya kwanza. Alipoaga alisema neno moja tu: "Mume wangu, nitunzie Kidoti." Kidoti ni paka wake, mweupe, mwenye doa jeusi juu ya jicho. Mtoto akazaliwa, barua ikaja, arobaini ikapita. Chande hakwenda. Barua ilisema mtoto ni wa kiume, hajapewa jina, baba yake anangojwa. Lakini Somoe hakujua kuandika, na mwandiko ule ulikuwa mzuri mno, herufi zimelala upande mmoja kama matete yaliyopitiwa na upepo. Tangu siku hiyo Chande hakumwaza mtoto. Aliuwaza mwandiko.

— Kidoti kahama tena! — Issa alitangaza hata kabla hajakaa. — Asubuhi nimeamka, kapu langu la vitambaa tupu. Watoto wanne, hakuna hata mmoja.

— Kwangu alikaa siku tisa — alisema Erasto. — Alizalia ndani ya sanduku la majalada yangu. Siku zote hizo taarifa ya wilaya niliiandikia gotini.

— Si ungemtoa, Jalada?

— Mzazi unamtoaje, ndugu yangu?

— Sasa yuko wapi? — aliuliza Chande, kwa sauti ya mtu asiyetaka kujulikana kwamba anataka kujua.

Thabiti alionyesha kwa kidevu. Magunia yake ya mkaa, yaliyokuwa yameegemea ukuta siku zote, yalikuwa yamesogezwa mbele kiasi cha shubiri mbili, na katika mwanya ule giza lilikuwa likilia kwa sauti nyembamba.

— Nyumba ya tatu hiyo — alisema Issa. — Paka mzazi sharti ahame nyumba saba. Waswahili wamesema, chelewa chelewa utakuta mwana si wako.

— Hilo halihusiani na kuhama — alisema Erasto.

— Linahusiana na mwenye paka. Winchi, umewaona hao watoto?

— Sijawaona.

— Basi nikuhesabie. Mmoja mweusi. Mmoja rangi ya chungwa. Mmoja kijivu ana mistari. Mmoja mweupe kama mama yake. Tumbo moja, siku moja! Haba na haba hujaza kibaba.

Chande alikibana kikombe kiganjani kama anayetaka kukivunja. Thabiti akakichukua taratibu, akakijaza, akamrudishia. Kilikuwa cha tatu, naye alikuwa ameomba kimoja.

— Mimi nilimfungia — alisema Chande. — Alipoanza kulilia madume mwezi wa nane, anajigaragaza, anajisugua kwenye nguzo, mkia huku, sauti kama mtoto wa mtu, nilimtia stoo siku tatu. Komeo nililitia mwenyewe.

— Na juu?

— Juu makuti.

— Eh! Umefunga mlango wa nyumba isiyo na paa!

— Tena kumfungia ndiko kulikomharibu — alisema Erasto, akainua kidole kama yuko ofisini. — Jike la paka ukimfunga, ndiyo analia zaidi. Paka shume wa Shangani wamemsikia, wa bandarini wamemsikia. Kuna kitabu cha mabwana mifugo nilikisoma. Kimesema jike akiwa katika siku zake anaweza kupokea madume watatu, wanne, na kila mtoto tumboni akawa na baba yake.

Hata Issa alinyamaza, kitu ambacho hakikuwa kimetokea tangu Azimio.

— Kitabu kimesema hivyo? — aliuliza Chande.

— Kimeandikwa.

— Mwandiko wa nani?

— Mwandiko? Kitabu kimepigwa chapa, Winchi. Una nini leo?

— Sina kitu.

— Basi huo ndio ujamaa wenyewe! — Issa alipiga paja. — Mimba ya kijiji! Kila mwanamume kachangia kwa kadiri ya uwezo wake. Balozi wa nyumba kumi apewe taarifa, watoto hao wagawiwe kwa haki.

— Acha utani, Issa — alisema Chande.

— Si utani. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Mashume walikuwa wageni, mwenyeji amepona, watoto wanne!

— Nimesema acha.

Lakini Redio Mbao haikuwa na kitufe cha kuzimia.

— Tena mimi nakwambia kwa nini anahama. Anahama kwa sababu kila baba anakuja kudai wake. Usiku anakuja mweusi, anasema lete mweusi wangu. Alfajiri anakuja wa chungwa. Maskini, anawakimbia kama mtu anayekimbia foleni aliyoipanga mwenyewe.

— Uongo — alisema Erasto. — Anahama kwa kuogopa. Shume akikuta watoto si wake anawaua, ili jike arudi kumtaka yeye. Hilo kila mtu analijua. Mama anawabeba kwa shingo mmoja mmoja, anawaficha, mpaka wafumbue macho, mpaka waweze kukimbia. Wivu ndio unaomhamisha.

— Dume ana haki ya kujua! — Chande alisema kwa sauti iliyomshtua yeye mwenyewe. — Mtu ukae na jike nyumbani, umlishe, aondoke zake akazalie kwa watu, halafu ukiuliza wewe ndiye mwenye wivu?

— Kwani uliuliza? — alisema Thabiti. Ndilo neno lake la kwanza alasiri ile, tena alilisema huku akipuliza makaa, kama anayaambia makaa.

Mkono wa Chande ulikwenda kwenye mfuko wa shati, mahali ilipokuwa barua. Ilikuwa imeshalainika kwa jasho na kukunjuliwa. Alikuwa ameichunguza ile "m", ile "k" yenye mkia, mpaka akamtengeneza mtu mzima kutokana nazo: kijana, mrefu, shati jeupe, kalamu ya wino mfukoni, amekaa mkekani kwa mkwe wake Chande, Somoe akisema na yeye akiandika, wakicheka. Kijana yule alikuwa akimjia kila siku. Alimjia winchi ya bandarini ikipanda na ikishuka. Wakati mwingine Chande alimwona amempakata mtoto, na mtoto ana herufi zilezile usoni.

— Mimi ninayo kubwa kuliko hizo — Issa alishusha sauti, akajongea. — Mnajua mweusi yule baba yake ni nani? Si wa hapa. Hakuna shume mweusi Magomeni nzima. Huyo ni wa ng'ambo.

— Ng'ambo ipi?

— Ruvuma. Malori ya korosho yanatoka kule kila siku. Paka anapanda juu ya magunia, analala, anashuka bandarini. Na Kidoti naye anajua. Anakwenda na kurudi. Huku ana nyumba, kule ana mume. Kuku mgeni hakosi kamba mguuni.

— Kule wapi? — Chande aliuliza polepole.

— Kule kule mtoni. Pande za Mahu...

Issa alilimeza neno, lakini mkia wake ulikuwa umeshatoka nje. Erasto aliangalia viatu vyake. Chande alisimama, na ubao ukainuka upande mmoja kwa jinsi uzito wake ulivyoondoka ghafla, ikabidi Erasto aushike usimpindue.

— Rudia — alisema Chande.

— Nilikuwa nasema paka, ndugu yangu. Wallahi paka.

— Rudia, Issa.

Ndipo lori lilipozimwa kando ya njia. Aliyeshuka alikuwa mtu mnene, uso mwekundu kwa vumbi, ameshika samaki wa kukaanga ndani ya gazeti. Alisalimia wote, akajitambulisha kwamba yeye ni Josephu, dereva wa lori, ametoka kushusha korosho bandarini, naye anaomba kahawa kikombe kimoja tu, kwani anarudi Mahurunga jioni ileile kuchukua nyingine.

Chande alirudi kukaa. Thabiti alimmiminia.

— Mmenuna hivi kuna msiba?

— Kuna paka — alisema Erasto. — Amezaa watoto wanne, rangi nne, amehama nyumba tatu. Tunajadili.

— Aa. — Josephu alikaa. — Ndiye huyu?

Kidoti alikuwa ametoka kwenye mwanya wa magunia. Alisimama akinusa upepo uliotoka kwenye gazeti la Josephu. Chande hakuwa amemwona kwa majuma matano, na kwanza hakumjua. Doa lilikuwa lilelile juu ya jicho, lakini ngozi ilining'inia kama nguo ya kuazima. Mbavu zilihesabika. Chuchu zilikuwa nyekundu, zimevutwa, na tumbo lilikuwa limeingia ndani mpaka ungedhani limeshikana na mgongo.

Josephu alimtazama, kisha akawatazama wao, mmoja baada ya mwingine, bila ubaya wowote.

— Tangu azae, nani anamlisha?

Issa alifungua kinywa, akamgeukia Erasto. Erasto alimgeukia Chande.

— Mimi nilidhani kwa Jalada anapata — alisema Issa.

— Mimi nilidhani Winchi huwa anampitishia kitu — alisema Erasto. — Sanduku nilimwachia. Chakula... sikufikiri.

— Lakini ya madume watatu, wanne uliyasoma — Thabiti alimwambia, lakini hata yeye alikuwa ameinamisha kichwa. Magunia alisogeza, chakula hakuweka.

Chande ndiye aliyeachiwa paka.

Josephu alikata samaki wake kipande cha mkiani, akakiweka chini. Kidoti alikula robo yake upesi upesi, shingo ikitetemeka. Kisha akaacha. Akakiuma kilichobaki, akakibeba mpaka kwenye mwanya, akatoa sauti ndogo ya kooni, sauti ambayo hakuitumia kuwaitia mashume. Wakatoka wanne. Mweusi, wa chungwa, wa mistari, mweupe, wakikanyagana, na mama yao akakaa pembeni akiwatazama, hakumsukuma yeyote wala hakumtanguliza yeyote.

— Njaa haiulizi rangi — alisema Issa kwa sauti ndogo. Pengine ilikuwa mara ya kwanza kwake kusema la maana bila kukusudia.

Chande alitoa barua mfukoni. Swali lilikuwa ulimini: ndugu dereva, kule Mahurunga nani huwaandikia watu barua, ni kijana, ni mrefu? Dereva angejua. Madereva wanajua kila kitu. Alifungua kinywa, akaona zile herufi zilizolala, na chini yake akaona maneno ambayo alikuwa akiyaruka siku zote ili awahi kuchunguza "m". *Maziwa ni haba kidogo, lakini tunajitahidi.*

Aliyasoma mara mbili. Kisha akaikunja barua.

— Ndugu Josephu, unaondoka saa ngapi?

— Nikimaliza kikombe.

— Kinywe taratibu.

Akaenda kwake kwa hatua za mtu anayeitwa. Aliporudi alikuwa na kikapu: mchele, pweza mkavu, chupa ya mafuta ya nazi, na doti ya khanga aliyoinunua mwezi wa saba akaifungia sandukuni. Juu ya yote kulikuwa na nusu kilo ya sukari, iliyosubiriwa kwenye foleni tangu Idi. Alipita kwanza nyuma ya magunia, akaweka sufuria la ugali uliochanganywa na dagaa. Erasto alisema ataliangalia sufuria lile kila asubuhi kabla ya kazi. Issa akasema yeye jioni. Walisema kwa pamoja, wakaoneana haya.

— Winchi — Issa alimwita alipokuwa akipanda lori, na safari hii hakukuwa na utani sautini. — Unakwenda kumwangalia mtoto kafanana na nani?

Chande alikipakata kikapu magotini, akafunga mlango.

— Nakwenda kumwuliza mama yake amekula nini.

Lori likaondoka. Thabiti alikiinamisha kibirika juu ya kikombe cha Issa, yakatoka machicha matupu, na kwa mara ya kwanza hakuna aliyelalamika kwamba kahawa imekwisha.